Anayewapa Waigizaji Ulimi Hatajwi

Muulize mwanafunzi wa sekondari ni nani aliyeitunga tamthilia anayoisoma darasani, naye atakutajia jina la mwandishi kabla hujamaliza swali. Kisha muulize ni nani aliyeitunga filamu aliyoitazama Jumamosi jioni. Atakutajia mwigizaji. Ukimbana zaidi atakutajia mwongozaji, iwapo analijua jina lake. Yule aliyejifungia chumbani miezi kadhaa akiwaza mhusika wa kwanza aseme nini na wa pili anyamaze wapi, huyo hatajwi kamwe. Nimefundisha isimu chuoni kwa zaidi ya miaka kumi, na dhuluma hii ndogo hunikera, pengine kwa sababu nami niliwahi kuijaribu kazi hiyo ikanishinda.

Nilikuwa nimeandika mchezo wa redio. Mlikuwa na mchungaji, mlevi na mama muuza mboga. Barua ya kuukataa mchezo huo ilikuwa na mistari minne tu, na mstari wa tatu ulisema kwamba wahusika wangu wote ni walimu. Nilikasirika kwa muda wa wiki mbili. Baadaye niliutoa mswada kabatini nikausoma kwa sauti, nikakuta kwamba mlevi wangu, akiwa ameegemea ukuta saa saba za usiku, anasema sentensi changamano zenye vishazi tegemezi viwili, na kila kishazi kina upatanisho wa kisarufi usio na dosari. Msomaji mpenzi, walikuwa na haki ya kuukataa.

Ndipo nilipoanza kutafuta watu wanaoijua kazi hiyo. Utafutaji huo ulinifikisha mbali, hadi Romania, kwa mtu mmoja aitwaye Răzvan Rădulescu. Huenda jina hili hujalisikia, nami sikulaumu. Hata wapenzi wengi wa filamu za Romania hawalijui, ilhali maneno yake wameyasikia mara nyingi.

Rădulescu alizaliwa Bucharest mwaka 1969. Alisomea lugha na fasihi ya Kiromania katika chuo kikuu cha mji huo, kisha akasomea uongozaji wa opera. Ikumbukwe kwamba utawala wa Nicolae Ceaușescu ulipoanguka tarehe 22 Desemba 1989, yeye alikuwa kijana wa miaka ishirini. Maana yake ni kwamba utoto wake wote ulipita akisikia lugha ya aina mbili: ile ya jikoni nyumbani, na ile ya redio, magazeti na mikutano ya chama. Waromania wana jina la lugha hii ya pili. Wanaiita limbă de lemn, yaani lugha ya mbao. Ni lugha yenye nomino nyingi na watendaji wachache. Ndani yake mafanikio hupatikana na mipango hutimizwa, lakini humwoni mtu aliyetenda lolote. Mwanaisimu akiichunguza ataona jinsi sarufi yenyewe ilivyofanywa mlinzi wa serikali, kwani sentensi isiyo na mtendaji haina wa kuulizwa.

Alianza kama mwandishi wa vitabu. Riwaya yake ya kwanza, Viața și faptele lui Ilie Cazane, ilitoka mwaka 1997, nayo inasimulia habari za mtu anayekuza nyanya kubwa kupita kiasi hata polisi wa siri wakaanza kumshuku. Ya pili, Teodosie cel Mic, ni kisa cha mazimwi na wanyama wa ajabu kilichochapishwa mwaka 2006, na kwa riwaya hiyo alipata Tuzo ya Fasihi ya Umoja wa Ulaya mwaka 2010. Nayataja haya kwa sababu moja. Mtu huyu anapokaa na riwaya huachia ndoto na miujiza itawale. Anapokaa na mswada wa filamu hukaza kamba kabisa, wala hamruhusu mhusika aseme neno ambalo jirani yako asingelisema. Kwa hiyo wanaodhani kwamba anaandika kikavu kwa sababu hana ubunifu wanakosea. Anajizuia kwa makusudi.

Hali ya sinema nchini Romania mwishoni mwa miaka ya tisini ilikuwa mbaya. Fedha za serikali zilikuwa zimekauka, majumba ya sinema yalikuwa yakifungwa, na mwaka 2000 unakumbukwa na wenyeji kama mwaka uliopita mtupu, bila filamu mpya. Mwaka uliofuata ikatoka Marfa și banii, yaani ‘bidhaa na fedha’, ambayo Rădulescu aliiandika pamoja na mwongozaji wake, Cristi Puiu. Kijana mmoja wa Constanța, mji wa bandari kwenye Bahari Nyeusi, anapewa mkoba wa ‘dawa’ na tajiri wa mtaa aupeleke Bucharest. Anamchukua rafiki yake, na rafiki anamchukua mpenzi wake, wote watatu wanabanana garini. Karibu filamu nzima ni safari hiyo. Wanabishana juu ya mambo madogo madogo, wananuniana, wananunua vinywaji, na huku nyuma gari jekundu linawafuata. Kilicho mkobani hakielezwi hata siku moja. Kile ambacho vijana hao hawataki kukijua, wao hukizungushia porojo, na hiyo porojo ndiyo hadithi yenyewe.

Nisikae sana hapo. Mwaka 2003 wawili hao walimwandikia mzee Lucian Pintilie filamu ya Niki na Flo. Huyu Pintilie si mtu mdogo. Filamu yake ya mwaka 1968, Reconstituirea, ilipigwa marufuku na wakomunisti. Katika Niki na Flo, kanali mstaafu anaonewa kidogo kidogo na baba-mkwe wa binti yake, mtu mwenye maneno mengi na kamera ya video mkononi. Kanali hajibu. Anaongezewa dharau moja juu ya nyingine, naye anaendelea kuwa mtu wa adabu. Siku anayojibu, anajibu kwa nyundo.

Sasa nije kwa filamu iliyonifanya niandike makala haya. Moartea domnului Lăzărescu, yaani kifo cha Bwana Lăzărescu, ilitoka mwaka 2005, ikashinda tuzo ya kitengo cha Un Certain Regard katika tamasha la Cannes. Puiu aliiongoza, na mswada ni wa wawili hao. Chanzo kimojawapo kilikuwa kisa cha kweli cha mwaka 1997, cha mgonjwa aliyekataliwa na hospitali kadhaa mpaka akaachwa barabarani.

Dante Remus Lăzărescu ni mhandisi mstaafu wa miaka sitini na kitu, anayeishi peke yake na paka watatu katika nyumba ya ghorofa mjini Bucharest. Anaumwa kichwa na tumbo. Anapiga simu kuita ambulensi, anangoja, anawaendea majirani. Majirani si watu wabaya. Wanampa vidonge, wanamkaribisha chakula, wanamkemea kwa ajili ya pombe na harufu ya paka. Lakini muuguzi wa ambulensi, mama mmoja aitwaye Mioara, anapowaomba mmoja wao afuatane na mgonjwa hospitali, kila mmoja ana sababu yake. Usiku huo basi limepata ajali mbaya na hospitali zimefurika. Mzee anapelekwa ya kwanza, ya pili, ya tatu, ya nne. Kila daktari ananusa pombe, anatoa mawaidha, halafu anatafuta njia ya kumsukumia mwenzake.

Filamu hii inachukua zaidi ya saa mbili na nusu. Wanafunzi wangu hulalamika. Mimi huwaambia watazame kitu kimoja tu: ulimi wa mzee. Mwanzoni anazungumza vizuri, tena anabisha na ana kiburi cha mtu aliyesoma. Baadaye anarudia maneno. Kisha anayakosa. Madaktari wanamuuliza maswali mepesi naye anajibu kwa maneno yaliyovurugika, na wapo wanaotabasamu. Damu imeganda ndani ya fuvu na inaukandamiza ubongo. Katika isimu tunafundisha afasia, yaani upotevu wa lugha unaotokana na dhara kwenye ubongo, na tunaifundisha kwa michoro na istilahi nyingi. Sijaona mahali pengine mwandishi aliyethubutu kumvua mhusika mkuu lugha yake hatua kwa hatua, tena mbele ya watu ambao kazi yao ni kusikiliza. Fikiria ugumu wa kazi hiyo. Mwandishi wa mchezo ana silaha moja tu, nayo ni maneno ya mhusika. Rădulescu na mwenzake waliamua kuitupa silaha hiyo taratibu, ukurasa baada ya ukurasa, huku wale waliomzunguka mzee wakizidi kuongea.

Kuna onyesho moja ambalo ningependa kila mwalimu wa lugha aliona. Katika hospitali ya tatu, mzee anahitaji kupasuliwa kichwa haraka. Daktari anamtaka aitie sahihi fomu ya idhini. Mzee hajui tena alipo. Mioara anaeleza hivyo. Daktari anashikilia kwamba bila sahihi hapasui, asije akashtakiwa kesho. Anamweleza mgonjwa madhara ya upasuaji kama sheria inavyotaka, mgonjwa anakataa kutia sahihi, basi yamekwisha. Mioara anaambiwa amzungushe mzee garini mpaka azimie, ndipo amrudishe, kwa maana mtu aliyezimia hatakiwi kutia sahihi.

Wanafalsafa wa lugha wametufundisha juu ya vitendo uneni: kwamba kusema ni kutenda, na kwamba kuahidi, kuapa na kuidhinisha ni vitendo vyenye masharti yake. Sharti la kwanza la idhini ni kwamba anayeitoa aelewe. Daktari huyu anaitaka idhini kutoka kwa mtu asiyeelewa, na kutoelewa huko ndio ugonjwa wenyewe uliomleta pale. Hadanganyi wala hatukani sheria. Kila neno lake ukilipima peke yake ni sahihi. Nimeisoma mihadhara mingi juu ya tofauti kati ya maana ya sentensi na matumizi yake, lakini onyesho hilo la dakika chache lilinifunza zaidi, nami nililitazama mwaka ambao nilikuwa nimemzungusha mjomba wangu usiku kucha kutoka lango moja hadi jingine, nikiambiwa kwa adabu kubwa kwamba karatasi fulani imekosekana.

Ipo pia hasara isiyoonekana na sisi tunaotegemea tafsiri iliyoandikwa chini ya picha. Kiromania ni ndugu wa Kiitaliano na Kifaransa, na kama ndugu zake kina njia zaidi ya moja ya kumwita mtu wa nafsi ya pili. Kuna tu, la rafiki, mtoto au mtu wa chini. Kuna dumneata, la katikati, ambalo linaweza kuwa heshima ya kijijini au kejeli ya mjini. Kuna dumneavoastră, lililotokana na maneno yenye maana ya ‘ubwana wenu’ na linalochukua kitenzi cha wingi hata anaposemeshwa mtu mmoja. Mwandishi wa mazungumzo katika lugha hiyo anapanga cheo cha kila mtu kwa kiwakilishi tu. Kiingereza kinayameza yote matatu ndani ya neno moja. Kiswahili kingeweza kuyaokoa kwa namna yake, kwa mzee, bwana, mama na daktari, na kwa shikamoo inayotolewa au kunyimwa. Natamani siku moja mtu atutafsirie filamu hii kwa Kiswahili moja kwa moja kutoka Kiromania.

Mwaka 2006 Rădulescu alishirikiana na Radu Muntean na Alexandru Baciu kuandika Hârtia va fi albastră, maana yake ‘karatasi itakuwa ya buluu’. Jina hilo ni maneno ya siri ya kijeshi ya kutambuana redioni. Kisa kinatokea usiku wa kuamkia tarehe 23 Desemba 1989. Ceaușescu ameshakimbia, jeshi limehamia upande wa wananchi, lakini risasi bado zinalia. Askari kijana anakiacha kikosi chake aende kukitetea kituo cha televisheni, na luteni wake anamtafuta mji mzima kwa gari la kivita. Mtazamaji ameonyeshwa tangu mwanzo jinsi itakavyokwisha: watu wa gari hilo watapigwa risasi na watu wa upande wao wenyewe.

Usiku huo wote neno moja linazunguka: magaidi. Kila risasi ni ya magaidi. Kijana yule mwenyewe anakamatwa na kushukiwa kuwa gaidi. Katika mapinduzi hayo walikufa watu zaidi ya elfu moja, na wengi wao walikufa baada ya dikteta kutoroka, katika siku ambazo kila mmoja aliwafyatulia risasi magaidi. Hapa tuna neno ambalo kila mtu alijua maana yake, na hakuna aliyeweza kukionyesha kitu kinachotajwa nalo. Somo la semantiki huanza kwa kutofautisha mambo hayo mawili, na wanafunzi huliona kuwa kavu. Waonyeshe filamu hii.

Kazi nyingine nitazipitia upesi. Boogie ya 2008 na Marți, după Crăciun ya 2010, zote na Muntean, ni za ndoa. Katika hiyo ya pili mume anamwambia mkewe kwamba anampenda mwanamke mwingine, na mwanamke huyo ni daktari wa meno wa binti yao. Kamera haikatizi, na mke anayapitia maswali ambayo kila mke angeyauliza, bila mpangilio, mengine ya kipuuzi. Mwaka 2009 Rădulescu alijaribu kuongoza mwenyewe, akishirikiana na Melissa de Raaf. Filamu yao, Felicia, înainte de toate, ni ya mama na bintiye anayeishi Uholanzi ambaye amekosa ndege ya kurudi. Si filamu yenye mbio, na nakiri kwamba mara ya kwanza nilisinzia. Mara ya pili niligundua kwamba nilikuwa nimeyasikia mazungumzo yale nyumbani kwetu, karibu neno kwa neno.

Baadaye Rădulescu alikwenda kufundisha filamu katika chuo cha sanaa cha Karlsruhe, Ujerumani, lakini hakuacha kuandika. Întregalde ya mwaka 2021, tena na Muntean na Baciu, inawahusu watu wa mjini wanaopeleka misaada ya chakula vijiji vya milimani kabla ya Krismasi. Njiani wanampakia mzee mmoja anayewaeleza habari za kiwanda cha mbao kilichoko mbele. Wanamfuata, wanakwama matopeni. Kiwanda kilikufa zamani. Mzee hakuwadanganya. Alikuwa akizungumza katika wakati uliopo juu ya mambo ya wakati uliopita, na wasikilizaji wake, wasomi hao, hawakuwa na masikio ya kuutambua wakati wa kitenzi uliopotoka.

Nimeiacha ya mwisho Poziția copilului, iliyoongozwa na Călin Peter Netzer na kunyakua Dubu wa Dhahabu mjini Berlin mwaka 2013. Mwandishi ni Rădulescu pamoja na Netzer. Mama tajiri, Cornelia, anapata habari kwamba mwanawe Barbu amemgonga mtoto kwa gari akamwua. Anakwenda kituo cha polisi akiwa amevaa manyoya, na kabla ya kumkumbatia mwanawe anaanza kuisoma taarifa aliyoiandika. Anamtaka aubadilishe mwendo wa gari. Mchezaji wake, Luminița Gheorghiu, ndiye yule yule aliyekuwa Mioara wa ambulensi miaka minane kabla, naye alifariki mwaka 2021. Mwanamke mmoja, mwandishi mmoja, na ndimi mbili zisizofanana hata kidogo. Mioara husema machache kwa watu wasiomsikiliza. Cornelia huongea bila kikomo, na mbele ya wazazi wa marehemu anamsifu mwanawe kana kwamba yeye ndiye aliyefiwa.

Mwishoni Barbu amekaa garini nje ya nyumba ya wafiwa. Hataki kutoka. Kisha anamwomba mama amfungulie mlango. Anatoka, anamwendea baba wa mtoto. Sisi tumebaki garini na mama, tunawaona wanaume hao wawili kwenye kioo. Midomo inatembea. Wanapeana mikono. Hatusikii neno.

Muhula uliopita niliwaonyesha wanafunzi wa mwaka wa pili onyesho hilo, nikawapa dakika ishirini waandike maneno ya Barbu. Nilipata insha thelathini na mbili. Nyingi zilikuwa na methali, na kadhaa zilifika kurasa mbili. Binti mmoja wa safu ya nyuma hakuandika kitu. Nilipomwita ofisini alisema, kwa heshima zote, kwamba mtu aliyelipwa aandike maneno ya filamu nzima hana ruhusa ya kutoroka kazi pale penye uzito kuliko pote, na kwamba yeye hawezi kumfanyia mtu huyo kibarua alichokikwepa. Nilimwambia nitamjibu wiki ijayo. Amekuja mara mbili kuuliza, na mara zote mbili nimemkuta mlangoni nikiwa na mkutano.